Kirinyaga ya Kubuni na Msichana Aliyenyimwa Kusoma

Jina la mlima huweza kusafiri mbali kuliko wenye mlima. Hapa Kutus, kwenye miteremko ya kusini ya Mlima Kenya, neno Kirinyaga ni neno la kila siku. Ni jina la kaunti. Ni jina la chuo kikuu kilichopo papa hapa mjini, ambacho kilipewa hati ya kujitegemea mwaka wa 2016. Na kabla ya hayo yote ni jina la kale la mlima wenyewe, ambao wazee waliuelekea walipoinua mikono kumwomba Ngai. Hata hivyo, wako wasomaji huko Marekani na Ulaya ambao wakilisikia neno hilo hawafikirii mlima wala soko la nyanya la Kutus. Wao hufikiria sayari ndogo inayoelea angani, yenye vibanda vya nyasi, maboma ya miiba na mganga mmoja mzee mwenye neno la mwisho katika kila jambo.

Sayari hiyo ni ya kubuni. Aliyeibuni ni mwandishi Mmarekani, Mike Resnick, aliyefariki mwaka wa 2020. Alianza kuchapisha hadithi zake za Kirinyaga mwaka wa 1988, na mwaka wa 1998 zikakusanywa kuwa kitabu kimoja chenye jina hilo hilo. Hadithi ya kwanza ilimpatia Tuzo ya Hugo, ambayo ni miongoni mwa tuzo zinazoheshimiwa mno katika uwanja wa bunilizi za kisayansi. Tunasimuliwa kwamba katika karne ya 22 Kenya imejaa miji, wanyama wa porini wamekwisha, na mila za Agikuyu zimesahauliwa. Msomi mmoja, Koriba, aliyepata elimu ya juu ng'ambo, anawaongoza watu kuhamia sayari iliyotengenezwa ili wakaishi kama walivyoishi mababu kabla ya kuja kwa wazungu. Huko anakuwa mundumugu, yaani mganga, mwaguzi na mtunza mila.

Walimu na wanafunzi wana sababu ya kukitazama kitabu hicho kwa makini. Jamii ile ya kubuni ina maandiko yake matakatifu, ila hayakuandikwa popote. Yamo kinywani mwa Koriba. Kila mgogoro unapozuka, yeye hutoa ngano ya wanyama au kisa cha Ngai na watu wa kwanza, na ngano hiyo huwa ndiyo sheria. Hakuna mwingine awezaye kusema kama imesimuliwa sawasawa. Kinaya ni kwamba mzee huyo huyo anamiliki tarakilishi kibandani mwake. Kwa chombo hicho huwaomba wasimamizi wa sayari waigeuze njia yake angani ili mvua inyeshe au isinyeshe. Kisha huwaambia wanakijiji kwamba Ngai ameridhika, au kwamba Ngai amekasirika.

Katika hadithi mojawapo, iliyotoka mwaka wa 1989, anatokea msichana aitwaye Kamari. Anamletea mganga kipanga aliyevunjika bawa na kumwomba amtibu. Mganga anamwonya kwamba ndege akishaigusa mbingu hawezi kuishi tena duniani, na kweli ndege yule hafiki mbali. Siku moja, akisafisha kibanda cha mzee, Kamari anaiona ile tarakilishi na anatambua kwamba kuna kitu kinachoitwa kusoma. Anaomba afundishwe. Koriba anakataa: mila haimruhusu mwanamke kusoma. Msichana anaendelea kujifunza kwa werevu wake mwenyewe, na kila mlango anaoufungua mzee anaufunga. Mwishowe anajitoa uhai. Koriba anamlilia, kwa kuwa alimpenda na alijua kwamba kijiji kizima hakikuwa na akili nyingine kama ile. Lakini habadili sheria.

Tumtendee haki mwandishi. Resnick hakumtungia Koriba wimbo wa sifa. Katika hadithi za baadaye Ndemi, kijana ambaye mganga alimwandaa awe mrithi wake, anapata kuitumia tarakilishi, anagundua kwamba mambo mengi katika ngano za mwalimu wake hayalingani na ukweli, naye anaondoka. Hatimaye wanakijiji wenyewe wanachoka, na mzee anabaki peke yake na mila yake. Kitabu ni onyo juu ya mtu anayeipenda jana hadi akaiua kesho.

Hata hivyo, onyo hilo lina kasoro moja ambayo sisi wa huku mlimani hatuna budi kuitaja. Msomaji wa mbali asiyejua lolote kuhusu Agikuyu atafunga kitabu akiamini kwamba Koriba ni katili, ndiyo, lakini ni mwaminifu kwa mila yake; kwamba mapokeo ya mlimani yalikuwa kweli kamba moja ndefu, iliyoshikwa na mtu mmoja, na kwamba mila na kusoma ni maji na moto. Historia ya eneo hili inakataa mambo hayo mawili.

Tuanze na mapokeo. Kisa cha asili kinajulikana na kila mtoto: Ngai alimwita Gikuyu mlimani, akamwonyesha nchi, akampa Mumbi awe mkewe, nao wakakaa Mukurwe wa Nyagathanga, mahali palipo katika Murang'a ya leo. Wakazaa mabinti, na mabinti wakawa chanzo cha koo. Lakini mabinti hao walikuwa wangapi? Huhesabiwa kenda, kisha huongezwa neno muiyuru, yaani kenda iliyojaa, kwa sababu yupo wa kumi. Orodha ya majina yao haifuati mpangilio mmoja kwa wasimulizi wote. Ukivuka kuingia Embu utaambiwa habari za Mwenendega na Nthara. Ukifika Meru, wazee watakueleza kwamba wao walitoka kisiwa cha Mbwaa, pwani ya mbali, wakavuka maji wakikimbia utumwa. Mlima ni mmoja, nao Waembu huuita Kirinyaa na Wameru Kirimaara. Visa vya asili ni vingi, na kwa miaka mingi watu wa visa hivyo wamekuwa majirani wanaooana na kufanya biashara.

Zaidi ya hayo, Agikuyu walikuwa na kitu kilichokaribia sana kitabu kabla ya vitabu kuletwa. Nacho ni gicaandi, kibuyu kilichochorwa alama ambazo kila moja ilikumbusha ubeti au fumbo. Gicaandi haikuwa maandiko ya ibada. Ilikuwa ushairi wa watu waliobobea. Jambo la kuzingatia ni jinsi ilivyosomwa. Malenga wawili walikabiliana mbele ya hadhira, huyu akitoa fumbo na yule akilifumbua, kisha wakipokezana. Padri Vittorio Merlo Pick alichapisha kitabu kuhusu sanaa hiyo mwaka wa 1973, na mwanaisimu wetu Kimani Njogu ameichambua kama ushairi wa kujibizana. Naye Ngugi wa Thiong'o, alipoandika Caitaani Mutharaba-ini mwaka wa 1980, alimfanya msimulizi wake awe mchezaji wa gicaandi. Kwa hiyo, usomaji wa kale wa jamii hii ulihitaji mwenye kuuliza na mwenye kujibu. Koriba, ambaye husema peke yake, angeshindwa raundi ya kwanza.

Utawala nao haukuwa wa mtu mmoja. Kulikuwa na ituika, sherehe ya kizazi kimoja kukabidhi kingine madaraka ya nchi, mara moja katika kila miaka thelathini au arubaini. Jomo Kenyatta ameeleza kwamba ituika ya mwisho ilifanyika katika miaka ya 1890, na kwamba iliyofuata, iliyoanza kuandaliwa katika miaka ya 1920, ilizuiwa na serikali ya kikoloni. Maana ya desturi hiyo ni nzito. Jamii ilijua kwamba walinzi wa mila huzeeka, na ikapanga mapema namna ya kuwapumzisha.

Nini basi kiliyageuza mapokeo haya yaliyokuwa yakitembea kuwa jiwe? Sehemu ya jibu ni kalamu. Mwaka wa 1849 mmisionari Mjerumani, Ludwig Krapf, aliuona mlima akiwa nchi ya Ukambani, akasikia jina jinsi Wakamba walivyolitamka, Kiinyaa, akaandika Kenia; na matamshi hayo ya upande mmoja wa mlima ndiyo yaliyozaa jina la taifa zima. Ndivyo ilivyokuwa kwa hadithi pia. Bwana na Bibi Routledge walichapisha kitabu chao kuhusu Agikuyu mwaka wa 1910. Padri Cagnolo wa shirika la Consolata alichapisha chake Nyeri mwaka wa 1933. Kenyatta, aliyekuwa mwanafunzi wa Profesa Malinowski huko London, alitoa Facing Mount Kenya mwaka wa 1938. Louis Leakey alikusanya maelezo ya wazee katika miaka hiyo hiyo ya 1930, ingawa juzuu zake tatu hazikutoka hadi mwaka wa 1977. Kila mmoja alisikiliza wazee fulani, wa mahali fulani, kwa haja fulani. Kenyatta, kwa mfano, alikuwa akitetea heshima na ardhi ya watu wake mbele ya dola iliyowanyang'anya, na hakuna wakili ambaye hajui la kutanguliza na la kuacha.

Hilo si kosa lake. Kosa ni la wasomaji waliokuja baadaye wakakichukua kitabu cha utetezi wakakifanya kitabu cha sheria. Anayesoma Facing Mount Kenya kisha akasoma Kirinyaga ya Resnick ataona jinsi ilivyo rahisi kwa mtu kuitoa mila kwenye ukurasa, akaifunga kamba, na kuiita ya milele.

Sasa tuje kwenye kusoma. Mwaka wa 1929 ulizuka mzozo mkali kati ya misheni na waumini wao kuhusu tohara ya wasichana. Wazazi wengi walitakiwa waikane desturi hiyo au watoto wao wasipokewe shuleni. Kama mila na elimu zingekuwa maji na moto, tungetarajia wazazi hao warudi nyumbani na kuizika kalamu. Hawakufanya hivyo. Walichanga pesa, wakakata miti, wakajenga shule zao wenyewe. Katika miaka ya 1930 yakawepo mashirika mawili ya shule huru, KISA na Karing'a, na mwaka wa 1939 Mbiyu Koinange akafungua chuo cha walimu huko Githunguri. Shule hizo zilienea katika nchi yote ya Agikuyu hadi serikali ilipozifunga wakati wa Hali ya Hatari iliyotangazwa mwaka wa 1952. Watu walioambiwa wachague moja walijibu kwamba wanataka yote mawili.

Tukumbuke pia kwamba desturi waliyoitetea wakati ule ilikuwa na madhara kwa wasichana, na leo inakatazwa na sheria ya mwaka wa 2011. Lakini ni akina nani walioihoji kwa sauti inayosikika nyumbani? Ni mabinti na wajukuu wa watu wale wale, waliosoma. Elimu haikuwatoa katika jamii. Iliwapa uwezo wa kuketi katika baraza lake na kuuliza ni lipi la kuhifadhiwa na lipi la kuachwa.

Mfano ulio wazi kuliko yote ni Profesa Wangari Maathai, aliyezaliwa Ihithe, Nyeri, mwaka wa 1940. Katika kitabu cha maisha yake, kilichotoka mwaka wa 2006, anaeleza kwamba ni kaka yake aliyemuuliza mama yao kwa nini Wangari haendi shule kama wao. Na mama, ambaye hakuwa amesoma, akaona hakuna sababu ya kumzuia. Swali moja la kijana na jibu moja la mama mkulima. Anaeleza pia kwamba mama yake alimkataza kuokota kuni za mugumo, kwa kuwa mugumo ni mti wa Mungu. Kamari wa kubuni angeambiwa anyamaze. Wangari alikua, akasoma elimu ya viumbe, na akatambua kwamba mizizi mirefu ya mti ule ilisaidia kuyapandisha maji ya ardhini na kuushika udongo wa mteremko. Mugumo ulipokatwa, kijito nacho kilikauka. Neno la mama lilikuwa na ukweli ndani yake, na aliyeufukua ukweli huo ni binti aliyeruhusiwa kusoma. Mwaka wa 1977 alianzisha Vuguvugu la Ukanda wa Kijani, na mwaka wa 2004 akawa mwanamke wa kwanza wa Afrika kupewa Tuzo ya Nobeli ya Amani. Siku aliyopata habari hizo alikuwa Nyeri, na alipanda mti akiuelekea mlima.

Ngugi wa Thiong'o naye alikirudia kisa cha asili chenyewe. Mwaka wa 2018 alichapisha kwa Kigikuyu utenzi wake Kenda Muiyuru, akautafsiri mwenyewe kwa Kiingereza mwaka wa 2020. Katika utenzi huo anayepewa nafasi ya heshima ni binti wa kumi, Warigia, yule ambaye wasimulizi wengi humtaja kwa haraka au humwacha kabisa. Naye ni binti asiyeweza kutembea. Mwaka wa 2021 kazi hiyo iliingia katika orodha ndefu ya Tuzo ya Kimataifa ya Booker, ikawa ya kwanza iliyoandikwa kwa lugha ya asili ya Kiafrika kufika hapo. Ngugi alifariki mwezi wa Mei mwaka wa 2025. Aliiacha hadithi ya Mumbi ikiwa hai zaidi ya alivyoikuta, na hakumwomba mganga yeyote ruhusa.

Yamkini mzee mmoja atauliza, na ana haki ya kuuliza: ikiwa kila msimulizi anaweza kubadili, utakatifu utabaki wapi? Je, si ndivyo mila zinavyopotea? Ni swali zito. Jibu lake limo katika methali tunayoifundisha kila mwaka bila kuisikiliza: penye wazee haliharibiki neno. Methali inasema wazee, kwa wingi. Kilicholilinda neno ni baraza, watu kadhaa waliosikia kisa hicho hicho kwa wazazi wao, ambao msimulizi akipotoka wangeguna. Maelezo yalihama kutoka kijiji hadi kijiji, lakini kiini kilikaa: kwamba ardhi ni amana iliyotolewa na Mungu, kwamba ukoo huanzia kwa mama, na kwamba watu wa nyumba moja hawaruhusiwi kumalizana. Koriba hakuwa na baraza. Alikuwa mzee mmoja, na penye mzee mmoja neno huharibika.

Wala tusidhani kwamba akina Koriba wamo vitabuni tu. Kundi la Mungiki lilipochipuka mwishoni mwa miaka ya 1980 lilijitangaza kuwa linarejesha mila na ibada ya kuuelekea mlima. Vijana wengi waliokosa kazi walivutwa na ahadi hiyo. Kilichofuata ni viapo vya siri, ushuru wa kulazimishwa na damu, na mwaka wa 2002 serikali ikalipiga marufuku. Mwezi wa Aprili mwaka wa 2009 wanavijiji wa Kirinyaga waliinuka kuwasaka vijana walioshukiwa kuwa wa kundi hilo, na wengine wakauawa bila ya kufikishwa mahakamani. Punde si punde watu 29 waliuawa usiku katika kijiji cha Gathaithi, karibu na Karatina. Hayo yalitokea mahali ambapo mlima unaonekana waziwazi. Mila iliyofundishwa gizani, na watu wasioulizika, ilizaa maiti pande zote mbili.

Hapa ndipo kazi ya mwalimu inapoanza. Kijana asiyejua lolote kuhusu kisa cha Gikuyu na Mumbi atamwamini yeyote atakayekuja kumsimulia, maadamu anasema kwa sauti nzito. Anayejua kisa kimoja tu, alichokikariri kwa ajili ya mtihani, hayuko mbali naye. Lakini kijana aliyesikia visa vitatu, akajua nani alisimulia, wapi na kwa sababu gani, huyo ana kinga.

Kinga hiyo haihitaji fedha. Mwalimu wa Kiswahili au wa historia hapa Kutus, Kerugoya, Nyeri au Embu anaweza kulituma darasa lake kwa nyanya na babu katika likizo moja. Kila mwanafunzi aandike kisa cha asili jinsi alivyosimuliwa, pamoja na jina la mahali na mwaka wa kusimuliwa. Mtoto wa Kigichugu ataleta chake, wa Kindia chake. Wa Mwea, ambako familia zimetoka kila upande, ataleta kingine kabisa. Na Mkamba au Mmeru aliyemo darasani asiachwe nje. Kisha visa visomwe kwa sauti, wawili wawili, mmoja akisimulia na mwenzake akimuuliza, kama malenga wa gicaandi. Darasa litagundua lenyewe yapi yanapatana na yapi yanatofautiana. Yaliyopatana ndiyo urithi. Yaliyotofautiana ni ushahidi kwamba urithi huo ulipita mikononi mwa watu halisi, walioishi na kufikiri.

Na wanafunzi nao wana wajibu. Heshima kwa mzee ni pamoja na kumuuliza. Asiyeuliza hanalo ajifunzalo, na mzee asiyeulizwa hufa na hazina yake, akawaachia wajukuu maganda ambayo mjanja wa kwanza atayajaza anachotaka. Muulizeni leo, mkiwa na daftari mkononi. Na katika darasa lolote la nchi hii, msichana akinyosha mkono kuuliza kwa nini mila inasema hivi na si vile, ajibiwe. Na jibu likikosekana, atafute pamoja na mwalimu wake.